Mwimbaji wa China akigeuka mwigizaji: nani anamlipa, nani anamsemea

Tarehe 27 Juni 2019 jukwaa la video za mtandaoni la Youku lilianza kuonyesha tamthilia ya vipindi 48, "The Longest Day in Chang'an", ghafla, bila kampeni ya kuitangulia. Siku hiyohiyo mshindani wake, Tencent Video, alifungua "The Untamed" yenye vipindi 50. Na kama ratiba ingeshikwa, siku hiyohiyo pia kumbi za sinema za China zingeanza kuonyesha "Better Days", ila filamu hiyo ilichomolewa siku chache kabla. Kazi tatu, tarehe moja, na katika kila moja nafasi kubwa ilikuwa mikononi mwa vijana waliofahamika kwanza kwa kuimba na kucheza jukwaani. Yi Yangqianxi, ambaye nje ya China huitwa Jackson Yee, alikuwa katika mbili. Xiao Zhan na Wang Yibo walikuwa katika ile nyingine.

Wiki sita baadaye, tarehe 9 Agosti, ikatoka "Shanghai Fortress", filamu ya gharama kubwa kuhusu wavamizi kutoka angani. Iliwekwa mabegani mwa Lu Han, aliyekuwa zamani katika kundi la EXO la Korea Kusini, mtu mwenye mashabiki wengi mno. Ikaanguka kifo cha mende. Mwongozaji Teng Huatao akaomba radhi hadharani, na mwandishi wa riwaya yenyewe, Jiang Nan, naye akaomba radhi.

Ukizisoma habari za burudani utadhani tofauti ni kipaji tu: huyu anajua kuigiza, yule hajui. Kipaji kipo. Lakini mwimbaji wa China anapohamia kwenye filamu anapita katika mashine yenye vipuri vingi, na vipuri vyenyewe, yaani jinsi tiketi inavyogawanywa, sauti inavyowekwa, mtihani wa chuo, mpangilio wa majina kwenye bango, ndivyo vinavyoamua mambo mapema kuliko watu wanavyodhani.

Njia ya zamani ilipitia Hong Kong

Katika Mazungumzo ya Confucius kuna usemi kwamba aliyefaulu masomo na aende akatumikie serikali. Watu wa burudani waliugeuza zamani: chang er you ze yan, aliyefaulu kuimba na aende akaigize. Hong Kong ya miaka ya 1980 na 1990 iliishi hivyo. Leslie Cheung na Anita Mui walianzia kwenye muziki. Andy Lau alitoka katika darasa la mafunzo la televisheni ya TVB, akaigiza, kisha akaimba. Aaron Kwok aliingia TVB kama mcheza dansi, na miaka mingi baadaye akatwaa tuzo ya filamu ya Golden Horse ya Taiwan, ya mwigizaji bora wa kiume mara mbili mfululizo, 2005 na 2006.

Kinachosahaulika katika habari hizo ni wingi. Mji ule ulitoa filamu nyingi kila mwaka, nyingine zikipigwa kwa wiki chache. Mwimbaji aliweza kuharibu filamu tano, na ya sita akaambulia kitu. Hiyo ndiyo ilikuwa shule yake. Kijana wa leo wa Beijing au Shanghai huenda akapewa filamu moja kubwa kwa mwaka, nchi nzima inamtazama, na akijikwaa vipande vya video vya makosa yake vinasambaa kabla filamu haijamaliza wiki. Hana mahali pa kukosea kimyakimya.

China bara ilikuwa na mlango wake. Mwaka 2005 shindano la Super Girl la televisheni ya Hunan lilimtawaza Li Yuchun kwa kura zaidi ya milioni 3.5 zilizotumwa kwa ujumbe wa simu, na kila kura ililipiwa. Alikuja kuigiza baadaye, akiwemo katika "Bodyguards and Assassins" ya 2009. Ila kilichobaki kichwani mwa wafanyabiashara ni hesabu: kumbe shabiki anaweza kuhesabiwa, na mtu anayehesabika anaweza kuuzwa.

Nyota wa bando

Kuanzia 2014, waimbaji wa Kichina waliokuwa Korea walipoanza kurudi nyumbani, magazeti yakapata neno: xiaoxianrou, vijinyama vibichi, yaani vijana wa kiume wazuri wa sura na wadogo wa umri. Likafuata lingine lenye maana zaidi kibiashara, liuliang. Ni neno lilelile Mchina analolitumia anaponunua bando la simu. Nyota wa liuliang ni mtu ambaye jina lake pekee linavuta watu mtandaoni: maoni, kupendwa, kusambazwa, kununuliwa.

Kwenye tamthilia, bando hilo linageuka pesa hivi. Jukwaa la mtandaoni hulipangia kila andiko daraja kabla halijapigwa picha: A, juu yake S, na juu kabisa S+. Daraja hutegemea riwaya iliyonunuliwa, kampuni inayotengeneza, na sura zilizosainiwa. Sura yenye mashabiki hupandisha daraja, na daraja hupandisha bei. Kwa hiyo mtayarishaji anayetaka S+ hukimbilia kwanza kumsaini mwimbaji, halafu ndipo anatafuta wa kurekebisha maandishi. Pesa ya sura inakula pesa ya taa, ya mavazi, ya mwandishi.

Hali ilifika mahali wakubwa wakaingilia. Septemba 2017 vyama vinne vya sekta vilitoa kanuni: malipo ya waigizaji wote yasizidi asilimia 40 ya gharama ya utengenezaji, na wahusika wakuu wasichukue zaidi ya asilimia 70 ya fungu hilo. Yaani tamthilia ya yuan milioni 100 inaweza kuwalipa waigizaji wake wote milioni 40, na vinara wagawane milioni 28. Agosti 2018 iQiyi, Youku na Tencent Video, pamoja na kampuni sita za utengenezaji, wakaongeza kikomo cha mtu mmoja: yuan milioni 1 kwa kipindi, milioni 50 kwa kazi nzima, kabla ya kodi. Kwa maoni yetu kikomo hiki kiliwasaidia waimbaji waliotaka kuigiza kwa dhati kuliko kilivyowaumiza. Bei ikishafungwa, kinachobaki cha kuchagua ni andiko na mwongozaji.

Filamu za ukumbini zina hesabu nyingine, na ndiyo iliyoimeza "Shanghai Fortress". Katika kila yuan 100 za tiketi, 5 huenda kwenye mfuko maalumu wa filamu na 3.3 kwenye kodi. Zinabaki 91.7. Kumbi na mitandao ya kumbi huchukua kama asilimia 57 ya hizo, na upande wa watengenezaji na wasambazaji hupata kama 43, yaani yuan 39 na senti kidogo. Toa matangazo. Ndiyo maana watu wa kazi hiyo husema filamu inapaswa kuuza kama mara tatu ya gharama yake ndipo irudishe mtaji.

Sasa tuchukue filamu ya yuan milioni 100. Inahitaji mauzo ya milioni 300. Tiketi moja ikiwa yuan 37 hivi, hizo ni tiketi milioni 8. Tuseme mwimbaji ana mashabiki milioni moja wa kweli, wale wa kufungua pochi, na kila mmoja ameangalia mara mbili. Ni tiketi milioni 2. Milioni 6 zilizobaki lazima zinunuliwe na watu wasiomjali: mume na mke waliokosa la kufanya Jumamosi, wanafunzi, wazee. Hao hawaji kwa sababu ya sura. Wanakuja kwa sababu jirani aliyeiona jana amesema ni nzuri.

Mashabiki wanajua hesabu hii, ndiyo maana hupigana vita ya siku ya kwanza. Hununua tiketi mapema kwenye Maoyan na Taopiaopiao, programu mbili kubwa za kuuza tiketi, ili meneja wa ukumbi aone namba na kuipa filamu maonyesho mengi. Hili la kugawa maonyesho huitwa paipian. Wengine hufanya suochang, kufunga onyesho: hununua viti vichache katika kila saa ili meneja asithubutu kulifuta. Siku ya kwanza inapendeza. Siku ya pili meneja anatazama viti vilivyokaliwa kweli, na siku ya tatu ukumbi mkubwa unapewa filamu nyingine. Mwimbaji anabaki na rekodi ya mauzo ya awali isiyomlisha mtu.

Mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Hapa mgema analipwa kwanza, watu wanaonja baadaye, na anayekosa wateja kesho yake ni mwenye kilabu.

Anayeimba ni yeye, anayesema ni mwingine

Waliotazama "Doudou na Mama Wakwe Zake" kwenye TBC mwaka 2011 walizoea kumwona mwigizaji wa Kichina akifungua mdomo na Kiswahili kikatoka. Wengi wasichojua ni kwamba Mchina naye, akiwa nyumbani kwake anatazama tamthilia ya Kichina, mara nyingi anamsikia mtu mwingine kabisa badala ya yule anayemwona.

Sababu ya kwanza ni kelele. Tamthilia nyingi, hasa za mavazi ya kale, hupigwa Hengdian, mji wa studio katika mkoa wa Zhejiang ulioanza mwaka 1996 kwa mtaa mmoja uliojengwa kwa ajili ya filamu "The Opium War" ya Xie Jin. Siku za kazi nyingi vikundi kadhaa hupiga picha jirani kwa jirani: huku watu wanalia msibani, kule farasi, ng'ambo mafundi wanagonga misumari. Sauti inayorekodiwa pale inakuwa ya kuongozea tu. Sababu ya pili ni lafudhi, kwa kuwa Kichina sanifu kinatakiwa na waigizaji hutoka Hong Kong, Taiwan na mikoa yenye matamshi yake. Sababu ya tatu ni muda: nyota mwenye ratiba iliyojaa matamasha hana wiki mbili za kukaa studio kurudia maneno yake.

Basi huajiriwa wataalamu wa sauti. Katika "The Untamed" Xiao Zhan anasemewa na Lu Zhixing, na Wang Yibo anasemewa na Bian Jiang, wote wawili mabingwa wa kazi hiyo. Lakini wimbo mkuu wa tamthilia, "Wuji", Xiao Zhan na Wang Yibo wameuimba wenyewe. Watu wawili waliojulikana kwa sauti zao wakapata umaarufu wa dunia wakiwa bubu, isipokuwa pale wanapoimba!

Hatusemi ni udanganyifu. Kuingiza sauti ni ufundi, na Bian Jiang anastahili heshima yake. Tatizo ni kile kinachotokea mahali pa kupigia picha pale kila mtu anapojua kwamba sauti haitatumika. Nyota anaacha kujifunza maneno. Ilifika hatua wengine wakatuhumiwa kuhesabu moja, mbili, tatu, nne badala ya kusema maandishi, wakidai midomo itafunikwa baadaye, na jina la dhihaka likazaliwa, Bibi Namba. Pamoja nalo wapo wenti, watu wa kushika nafasi ya nyota hata katika picha ya kukaa mezani mradi uso hauonekani, na ipo koutu, kumpiga nyota peke yake mbele ya kitambaa cha kijani kisha kumkata na kumbandika katika mandhari ambayo hajawahi kukanyaga.

Mtaalamu wa sauti anaweza kuokoa matamshi. Hawezi kuokoa pumzi. Mtu anayesema kwa hasira hupanda mabega, shingo hukaza, kifua hufunga kabla neno halijatoka. Anayehesabu namba hana hayo, na sauti kali ikibandikwa juu ya kifua kilichotulia, mtazamaji anahisi kuna kitu kibaya hata asipokijua. Tena kuna mwenzake upande wa pili wa meza, anayepaswa kulia kwa kujibu "saba, nane, tisa".

Kuanzia miaka ile ya 2017 hadi 2019 watazamaji walianza kukodolea macho majina ya mwisho wa kipindi kuona kama kuna mtu wa sauti. Yuansheng, sauti ya asili, ikawa sifa ya kutangazwa. Wang Yibo mwenyewe, katika "Hidden Blade" ya Cheng Er iliyotoka Januari 2023, alisimama mbele ya Tony Leung, mwigizaji mkongwe wa Hong Kong, na kulazimika kusema kwa mdomo wake, zikiwemo sehemu za Kijapani na za lahaja ya Shanghai. Kwa mtu aliyekuwa akisemewa miaka minne iliyotangulia, huo ni mlima.

Mwili uliofundwa kwa jukwaa

Mwimbaji wa kundi la vijana hufundishwa tangu utotoni kuitafuta kamera. Jukwaani kuna kamera nyingi, ile inayorusha huwaka taa nyekundu, na kijana hujua kugeuza macho pale kwa nusu ya pigo la ngoma, akatabasamu, akashikilia. Mbele ya kamera ya filamu tabia hiyo ni sumu. Macho yakigusa lenzi kipande kinatupwa. Asipoigusa lakini anajua iko wapi, inaonekana pia: anageuza shavu lake zuri, anainua kidevu kidogo, anamaliza kila sentensi kwa mkao, kama anangoja makofi.

Tabia ya pili ni kutojirudia. Video ya muziki haijali kama kikombe kilikuwa mkono wa kulia au wa kushoto. Kwenye filamu tukio moja hupigwa kwa upana, kisha kwa ukaribu wa wastani, kisha uso mtupu, pengine mara kumi au zaidi, na kikombe lazima kiinuke kwenye neno lilelile kila mara, la sivyo mhariri hawezi kuunganisha. Halafu hakuna mfuatano: kifo kinapigwa Jumatatu, mapenzi yanaanza Alhamisi. Mwimbaji aliyezoea tamasha linaloanza taratibu na kupanda hadi kileleni hujikuta anahitajika kileleni saa moja asubuhi, bila ngazi.

Zipo faida pia, na hizi hazisemwi vya kutosha. Mcheza dansi hufika kwenye alama ya sakafuni bila kuitazama. Hujifunza mapigano kama hatua za ngoma, kwa kuhesabu, hivyo haumizi mtu wala haumii ovyo. Na yule aliyezoea kufuatisha midomo na wimbo kwenye video huwa hodari studioni anaporudia sauti yake mwenyewe juu ya picha. Si ajabu kwamba Wang Yibo na Yi Yangqianxi, wawili waliovuka vizuri, wote ni wacheza dansi kwanza.

Vyuo vya uigizaji vya China hugawa somo katika sehemu nne: sheng, tai, xing, biao. Sauti, maneno, mwili, uigizaji wenyewe. Kuingia kuna usaili wa raundi kadhaa uitwao yikao, ambapo mtahiniwa husoma kwa sauti, huonyesha mwili wake unavyotembea, na hutupwa katika kikundi cha wageni waigize jambo papo hapo. Akipita, bado anadaiwa gaokao, mtihani wa taifa wa mwezi Juni, kama mtoto mwingine yeyote. Mwimbaji maarufu haepuki. Na kwa mashabiki matokeo yake ni habari ya nchi.

Watatu wa kundi moja

TFBOYS ilizinduliwa 6 Agosti 2013 na kampuni ya Time Fengjun. Wang Junkai alikuwa na miaka 13, Wang Yuan na Yi Yangqianxi 12. Ni nadra kupata mfano ulionyooka namna hii: kampuni moja, umri unaokaribiana, umaarufu uleule, halafu njia tatu.

Wang Yuan alienda chuo cha muziki cha Berklee, Boston, mwaka 2018, akabaki zaidi mtu wa muziki. Kabla ya hapo alikuwa amefanya jambo la busara: alichukua nafasi ndogo katika "So Long, My Son" ya Wang Xiaoshuai, filamu ya saa tatu iliyoshindana katika tamasha la filamu la Berlin Februari 2019 na kuwapa Wang Jingchun na Yong Mei tuzo za uigizaji bora. Alicheza mtoto wa kuasiliwa mwenye hasira. Nafasi ndogo ndani ya kazi nzito haikuhatarishi, na unakaa chumba kimoja na mafundi.

Wang Junkai aliingia Chuo cha Filamu cha Beijing mwaka 2017, na akakutana na balaa ambalo halimhusu mwigizaji: filamu kukwama. "749 Bureau" ya Lu Chuan ilichukua miaka mingi tangu kupigwa hadi kutoka 1 Oktoba 2024, ikapokewa kwa kejeli nyingi. Mwigizaji wa miaka 25 alihukumiwa kwa kazi aliyoifanya akiwa bado mwanafunzi mbichi. "The Fallen Bridge" ya 2022 na "Stand by Me" ya 2024 zinamwonyesha vizuri zaidi, akiwa mchafu, amechoka, na hana mkao.

Yi Yangqianxi ndiye aliyevuka mto wote. Alipopiga "The Longest Day in Chang'an", kazi ya karibu miezi 7, alikuwa na miaka 17 na alikuwa akijiandaa kwa mitihani: mwaka huo huo wa 2018 alishika nafasi ya kwanza katika usaili wa uigizaji wa Chuo Kikuu cha Tamthilia, Beijing. Nafasi yake, Li Bi, ni afisa kijana wa enzi ya Tang, mwenye maneno marefu ya Kichina cha kale na mwili uliosimama wima. Tunadhani uchaguzi huo ulikuwa wa kiufundi kuliko unavyoonekana. Kijana asiye na uzoefu huharibu pale anapotakiwa kuwa huru. Mpe mhusika ambaye cheo chake kinamkataza kusogea, ugumu wake unageuka kuwa tabia ya mhusika. Pembeni yake aliwekwa mwigizaji Lei Jiayin, anayejua kusogea kwa niaba ya wawili.

"Better Days" ya Derek Tsang ilikuwa kinyume chake. Xiao Bei, nafasi ya Yi, ni muhuni wa mitaani, maneno machache, uso umevimba kwa kipigo. Yi na mwigizaji mwenzake wa kike, Zhou Dongyu, walinyolewa vipara mbele ya kamera. Filamu ilipaswa kwenda Berlin Februari ile ile ya 2019, ikaondolewa, ikapangiwa Juni, ikaondolewa tena, hatimaye ikatoka 25 Oktoba. Iliuza zaidi ya yuan bilioni 1.5, ikapata tuzo 8 za filamu za Hong Kong mwaka 2020, moja ikiwa ya mwigizaji mpya kwa Yi, na ikawania Oscar ya filamu ya kimataifa mwaka 2021. Rudi kwenye hesabu yetu ya tiketi uone mashabiki peke yao wangefikia wapi.

Baada ya hapo ufuate utaratibu wa majina. "The Battle at Lake Changjin" ya 2021, yuan bilioni 5.7 na ushee: yeye ni mdogo mtu nyuma ya Wu Jing, nyota wa filamu za mapigano. "Full River Red" ya Zhang Yimou, 2023, bilioni 4.5: yuko na Shen Teng, bingwa wa vichekesho. "Nice View" ya 2022 ndiyo aliyoibeba zaidi peke yake, naye alicheza fundi wa simu wa Shenzhen mwenye madeni. Mwaka 2025 "Resurrection" ya Bi Gan, iliyopata tuzo maalumu katika tamasha la filamu la Cannes, ikamtaka abadilike mtu baada ya mtu ndani ya filamu moja. Karibu kila mara kuna mkubwa wa kumsukuma, na mara chache amepewa mhusika wa kupendwa kwa sura.

Bei ya kuja na jeshi

Jeshi la mashabiki halibaki nyumbani mkubwa wao akihamia filamu. Vita vyao vikubwa ni vya fanwei, yaani jina la nani linatangulia. Wa kwanza huitwa yifan, wa pili erfan. Jambo hilo huandikwa kwenye mkataba: jina juu au chini, uso katikati au pembeni. Watayarishaji wamebuni ujanja wa kuweka jina moja kushoto chini kidogo na jingine kulia juu kidogo, ili kila upande udai umeshinda. Bango likikosewa, ofisi ya filamu inapata maelfu ya ujumbe wa matusi kabla ya saa sita mchana.

Madhara yanaweza kuwa makubwa kuliko bango. Mwishoni mwa Februari 2020 mashabiki wa Xiao Zhan walishitaki hadithi iliyomhusu kwa mamlaka, na tovuti kubwa ya hadithi za mashabiki, AO3, ikafungwa China tarehe 29. Wasomaji wake wakalipiza kwa kususia bidhaa alizozitangaza. Yeye mwenyewe hakuwa ameandika wala kushitaki kitu. Mwaka uliofuata alienda kusimama jukwaani katika "A Dream Like a Dream", mchezo wa Stan Lai wa saa nane hivi, ambao hauna mhariri wala mtu wa sauti.

Mei 2021 video zilionyesha watu wakimwaga maziwa mtaroni. Kwenye vifuniko vya chupa kulikuwa na msimbo wa kupigia kura washiriki wa shindano la iQiyi, na mashabiki walihitaji vifuniko tu. Fainali ikafutwa. Agosti serikali ikapiga marufuku orodha za kupanga nyota kwa umaarufu, na Septemba mashindano ya kuzalisha makundi ya namna hiyo yakazuiwa kwenye majukwaa. Matokeo yake kwa mada yetu ni ya moja kwa moja: kiwanda cha waimbaji wapya kilipofungwa, waliokuwa wamekwishatoka walikosa majukwaa ya kuimbia, na wengi wakasukumwa kwenye tamthilia, wakiwa tayari au la.

Hata aliyefaulu hakusalimika. Julai 2022 jina la Yi lilionekana katika orodha ya waliopendekezwa kuajiriwa na Ukumbi wa Taifa wa Maigizo. Ni bianzhi, ajira ya kudumu ya serikali, kitu ambacho mamilioni ya wahitimu wanakililia. Watu waliuliza kwa nini tajiri apewe kiti hicho, na kama alifanya usaili kama wengine. Tarehe 17 akatangaza kuwa anajitoa. Aliyekuwa ameshinda usaili wa chuo kwa haki alijikuta anadaiwa maelezo ya usaili mwingine, kwa sababu umaarufu wa kundi la utotoni ulikuwa umefika ofisini kabla yake.

Desemba 2024 ikatoka "Big World" ya Yang Lina. Yi ni Liu Chunhe, kijana mwenye mtindio wa ubongo anayetaka kufundisha na kusoma chuo. Shingo imepinda, vidole havitii, mdomo unavuta upande, na kila sentensi inatoka kwa kusukumwa, silabi kwa silabi. Uso uliouzia matangazo ya bidhaa kwa miaka kumi hauonekani umetulia hata mara chache. Na sauti inayosikika ni yake.